Wafanyakazi Arobaini na Mmoja wa Verna Hudak

Jumatatu saa mbili na dakika kumi asubuhi, Verna Hudak aliketi kwenye meza ya jikoni kwake, akavaa miwani, akafungua kompyuta aliyoazima kwa jirani ili aombe namba ya mwajiri kutoka serikali kuu. Ukurasa wenyewe hauna subira. Ukikaa dakika kumi na tano bila kugusa kitu unakutoa nje, nawe unaanza upya. Jumamosi ulikuwa umemtoa mara mbili kwa sababu alikwenda kutazama viazi. Safari hii alizima jiko kwanza.

Shida yake ilijulikana mji mzima wa Marlow Bend. Mwanawe Randall alikuwa ametoka jela kwa parole, yaani kabla ya muda wake na kwa masharti, baada ya kutumikia miaka minne kwa kesi ya vidonge vya kulevya, na afisa anayemsimamia alitaka barua ya mwajiri. Mwajiri anayetambulika, mwenye namba ya serikali kuu na namba ya jimbo. Siku ya mwisho ilikuwa Ijumaa, saa kumi jioni. Randall alishaomba kazi sehemu kumi na moja, na kote walimjibu kwa upole mkubwa kwamba watampigia. Bila barua angerudishwa ndani kumalizia miaka sita iliyobaki. Verna alikuwa na miaka sitini na mbili na moyo mbovu, na hakuhitaji mtu wa kumfanyia hesabu hiyo. Akaamua awe mwajiri yeye mwenyewe. Angepika pirohi, vile vifuko vya unga vilivyojazwa viazi na jibini ambavyo wanawake wa kanisani kwake huvichemsha kila Ijumaa ya Kwaresma, na Randall angemenya viazi.

Alikuwa amekodi ukumbi wa chini katika kilichokuwa kiwanda cha Crowther cha kufinyanga sahani, kando ya mto. Meza ndefu zilizobaki humo alizinunua kabisa, kwa risiti. Ndiyo maana fomu ilipomuuliza kwa nini anaomba namba, hakutia alama penye "naanzisha biashara mpya." Alitia penye "nimenunua biashara iliyokuwepo," maana hakulelewa kuidanganya serikali, hata kwa habari ya meza. Namba ilitoka saa mbili na dakika thelathini na moja, tarakimu tisa. Akachapisha nakala tatu, moja akaibandika kwenye friji.

Kesho yake saa kumi na mbili asubuhi alipokwenda kufungua ukumbi, alikuta wafanyakazi wamepanga foleni mlangoni. Walikuwa arobaini na mmoja, wote marehemu, wengi wao tangu miaka ya hamsini na sitini. Walivaa aproni na walikuwa weupe kwa vumbi la udongo hadi kwenye kope, kila mmoja na kopo lake la chakula. Mbele yao alisimama msimamizi wao, Elwood Sipes.

"Wewe ndiye mwenye mahali hapa siku hizi?" aliuliza.

"Ndimi."

"Tumeambiwa umetununua pamoja na meza. Haya, tuanzie wapi?"

Verna akawaonyesha pa kunawia mikono.

Walikuwa wachapakazi, hilo halina ubishi. Vidole vilivyozoea kukunja kingo za sahani vilikunja kingo za pirohi bila kufundishwa, na kufikia saa nne trei zote zilikuwa zimejaa. Kasoro yao ilikuwa kikohozi. Mmoja akianza, meza nzima ilifuata, na kazi ilisimama mpaka kipite. Randall, aliyekuwa anamenya viazi kwenye kona, aliwapelekea maji.

Meza ya tatu alikuwepo Zuzana, bibi mzaa mama wa Verna, aliyekufa Verna akiwa na miaka saba. Alimtazama mjukuu wake juu mpaka chini.

"Umenawiri," akasema.

"Ni sukari, bibi. Siyo kunawiri."

"Na huyu mrefu anayemenya viazi kama anavitahiri?"

"Mwanangu. Kitukuu chako."

"Mwambie asitupe nyama na ganda. Vita viliisha lakini viazi havijawa bure."

Jumatano Verna alikwenda kwenye ofisi ya jimbo kuchukua namba ya pili. Dirishani alikuwepo Opal Teague, waliyesoma naye darasa moja na ambaye hajawahi kumkopesha mtu hata kifutio. Opal aliingiza tarakimu tisa, akasoma, akasogeza kiti mbele, akasoma tena.

"Verna, umesema umenunua biashara."

"Nimenunua meza."

"Hapa umesema biashara. Basi wewe ni mrithi wa Crowther, na Crowther ana akaunti ya mwajiri iko wazi tangu mwaka hamsini na tatu. Kuna mkaguzi alikwenda kiwandani, akahesabu watu arobaini na mmoja, akawafungulia akaunti, halafu akahamishwa. Hakuna aliyeimaliza."

"Sasa?"

"Sasa siwezi kukupa namba mpya juu ya akaunti iliyo wazi."

"Si uifunge."

"Anafunga mwenyewe Crowther."

"Opal, Crowther yuko makaburini juu kilimani tangu tukiwa watoto."

"Hajaja kwako?"

"Hajaja. Wamekuja wafanyakazi tu."

"Ndiyo kawaida ya mabosi," alisema Opal, akampigia mhuri mtu aliyefuata.

Verna alirudi nyumbani akajaribu kuomba namba nyingine ya serikali kuu. Ukurasa ukamjibu kwamba anayo tayari. Akapiga simu, akasikiliza muziki wa filimbi wa kusubirishia kwa muda wa karibu saa tatu, kisha simu ikakatika yenyewe. Alhamisi akapiga tena, filimbi ile ile. Mchana alilia chooni ukumbini, bomba likiwa wazi ili Randall asisikie. Randall alisikia. Alianza kuzikunja nguo zake vizuri na kumweleza mama yake wapi ameweka funguo za gari, kama mtu anayejiandaa kusafiri.

"Acha hayo," Verna alimwambia.

"Nakuonyesha tu, mama."

Alhamisi hiyo hiyo, ofisi ikikaribia kufungwa, Opal akapiga simu. Alikuwa amepata njia. Kama wale arobaini na mmoja wangesaini, kila mtu karatasi yake, kwamba hawakuwahi kuajiriwa na Crowther, akaunti ingehesabiwa kwamba haikuwahi kuwepo, na namba ya Verna ingetoka papo hapo. Saini zilihitaji shahidi. Opal mwenyewe alikuwa na mhuri wa ushahidi na angeweza kupita Ijumaa wakati wa chakula cha mchana.

Karatasi hiyo Verna aliijua. Kila Januari Crowther aliwapanga watu wake na kuwasainisha kwamba wao si waajiriwa, ni mafundi wanaojitegemea ambao wamepanga nafasi kwenye meza zake. Vumbi lilipoanza kuwamaliza mapafu, jimbo lilitaka kujua mwajiri wao ni nani, na karatasi ikajibu kwamba hawana. Mama yake Verna alikwenda kudai fidia ya Zuzana mara mbili akiwa amemshika Verna mkono. Mara zote mbili walionyeshwa saini. Verna aliikumbuka meza ile, na kofia ya karani. Sasa yeye ndiye angewapelekea karatasi, na aliona aibu usiku kucha.

Ijumaa Opal alifika saa sita na nusu na boksi la fomu. Verna aliwaeleza bila kuzunguka. Alimwonyesha Randall kwa kidole, akasema atarudishwa ndani saa kumi, na kwamba hana njia nyingine.

Hawakubishana. Walifuta mikono kwenye aproni wakapanga mstari kwa alfabeti, jinsi walivyozoeshwa. Elwood Sipes alikuwa babu yake Opal. Opal alimsukumia karatasi bila kuinua macho.

"Hapa chini, babu."

"Najua ni wapi, mwanangu. Hii ni ya ishirini."

Akasaini, Opal akapiga mhuri, wakaendelea. Kufikia saa nane na robo zilikuwa zimesainiwa karatasi arobaini. Zuzana peke yake alikuwa bado kwenye meza ya tatu, anakunja pirohi.

Verna akaenda na karatasi na kalamu.

"Bibi, umebaki wewe."

"Inasema nini?"

"Inasema hukufanya kazi hapa."

Zuzana akakunja kimoja, akakiweka kwenye trei. "Kama sikufanya kazi hapa, niliumwa nini?"

Saa ya ukutani ilikuwa inakwenda. Randall alikuwa amesimama na kisu cha viazi mkononi, anaangalia viatu vyake.

"Nilikohoa miaka sita, Verna. Mama yako alikuwa ananigeuza kitandani. Ile ilikuwa nini?"

"Najua ilikuwa nini, bibi. Nakuomba usaini."

"Unaniomba wewe."

"Ndiyo, mimi. Nakupigia magoti ukitaka."

"Hayo magoti yako yenyewe yamekwisha," alisema Zuzana, akaichukua kalamu.

Alisaini polepole, herufi moja baada ya nyingine, ulimi umetokeza kidogo pembeni mwa mdomo. Alikuja nchi hii hajui kusoma, na jina lake ndilo kitu pekee alichowahi kujifunza kuandika. Alijifunza ili asaini karatasi hii.

Namba ya jimbo ilitoka saa tisa na dakika ishirini. Saa kumi kasoro dakika kumi Randall aliiweka barua mezani kwa afisa wake. Afisa akasoma namba zote mbili, akatikisa kichwa kukubali, akamwambia anawapenda watu wanaowahi.

Jumatatu saa kumi na mbili asubuhi walikuwa mlangoni wote arobaini na mmoja, na makopo yao. Verna akafungua. Walinawa, wakaenda kwenye meza zao, wakaanza. Yeye aliketi na kompyuta ya jirani mwishoni mwa meza ya tatu kujaza ripoti ambayo jimbo linataka kwa kila mwajiri mpya.

"Unaandika nini?" aliuliza Zuzana.

"Wanataka idadi ya wafanyakazi."

"Tuko arobaini na mmoja. Ukimweka na mwanao, arobaini na wawili."

"Najua, bibi."

Verna akaandika mmoja, akatuma, akainuka kwenda kuwaletea unga.