Bomba la Moshi Upande wa Pili

Jumanne, tarehe kumi na nne Oktoba. Manyunyu yalianza alfajiri, yale yanayolowesha bila kelele, na mawingu yalikuwa yameshuka karibu na mapaa. Mwoka mikate alipofungua mlango wa mbele, aliona moshi wa tanuri lake umelala juu ya mabati, hauna pa kwenda. Alisali akiwa amesimama, mikono imejaa unga, akaomba jambo moja tu: watu wa mahakama waje, wapime, waondoke, na tanuri libaki linawaka.

Kesi ya nyumba ile ilikuwa imekula miaka sita. Baba yao aliwaachia yeye na mdogo wake wa kiume nyumba moja, asiseme nani achukue kipi. Mdogo wake alitaka fungu lake litengwe. Yeye alitaka nyumba ibaki kama ilivyo, maana humo ndimo alimooka mikate tangu baba aishiwe nguvu. Wakaburuzana mahakamani hadi askari wa getini akawa anawasalimu kama wafanyakazi wenzake. Mwishowe mpima ardhi alichora ramani na kupiga mstari katikati ya ukumbi: kushoto kwa dada, kulia kwa mdogo wake. Mwoka mikate aliona neno "tanuri" liko upande wake, akamshukuru Mungu kwa sauti mbele ya hakimu, akatia sahihi.

Kilichomponza ni kwamba ramani ile ilionyesha sakafu tu. Bomba la moshi lilipita juu, chini kidogo ya dari. Baba alilitoa kwenye tanuri, akalivusha ukumbi na kulipitisha katika chumba cha mdogo wake, upande wa kulia, ili mtoto asisikie baridi, ndipo likatokea nje. Mwoka mikate alikumbuka hayo siku alipopanda ngazi kusugua masizi, muda wa rufaa ukiwa umepita wiki tatu. Alishuka akaenda kutafuta fundi. Fundi aliyemwita alimwambia waziwazi kuwa tanuri lile ukilitoboa juu ili bomba lipande moja kwa moja, linaporomoka lote, na kibali cha kujenga jingine la kuni katikati ya makazi hakitolewi tena.

Wakili wake alimwachia mlango mmoja. Karani wa mahakama akiuliza kama kuna pingamizi, aseme "napinga," basi. Faili litarudi kwa hakimu, mwaka mwingine upite, naye aendelee kuoka. Alilala na neno hilo mdomoni siku tatu.

Walifika saa tatu: karani, mpima ardhi na mwenyekiti wa mtaa aliyeitwa awe shahidi. Mdogo wake alikuja nyuma yao na mwashi aliyebeba mfuko wa sementi ya kuziba bomba. Mwenyekiti alijaribu kuchangamsha watu, akajipigapiga tumbo na kusema mikate ya nyumba ile ndiyo iliyolilea, wakigombana zaidi atakonda. Hakuna aliyecheka. Mpima ardhi alipiga mstari wa chokaa sakafuni, kutoka mlango hadi ukuta wa nyuma.

Mwoka mikate alimvuta mdogo wake pembeni. Alimbembeleza kwa yote aliyokuwa nayo: achukue ukumbi wote, achukue na uwanja wa nyuma, ila amwachie bomba lipite.

"Dada," mdogo wake alisema polepole, "mtaani waliniita nani?"

"Kipenga."

"Kwa nini?"

Kila mtu alijua. Kifua cha mtoto yule kilipiga filimbi kila alipovuta pumzi.

"Bomba hilo linavuja kwenye maungio. Nilimwambia baba, akasema moshi haujawahi kumdhuru mtoto wa mwoka mikate. Nikakwambia wewe. Ukacheka."

"Nilikuwa mtoto, mdogo wangu."

"Na mimi nilikuwa mtoto. Binti yangu ana kifua kama changu, na chumba kingine cha kumlaza sina. Niambie basi nifanyeje."

Jina lile la Kipenga alilitunga mwoka mikate mwenyewe, na miaka yote ya kuungama dhambi zake hakuwahi kulitaja. Alimwomba Mungu ampe njia ya tatu, hata nyembamba. Alingoja. Alichosikia ni manyunyu juu ya bati na mwashi akikoroga sementi.

Karani alifungua jalada juu ya meza ya kukandia unga, akafuta kiti kwa kiganja na kuketi. Aliuliza, kama sheria inavyotaka, endapo mmoja wao ana pingamizi kabla hajagonga muhuri. Mdogo wake alitikisa kichwa. Wote wakamgeukia mwoka mikate. Neno lilikuwa pale pale, jepesi. Aliliacha, akasema hana pingamizi.

"Na tanuri?" karani aliuliza. "Bomba likizibwa na moto ukiwaka, moshi utawaua watu humu. Lazima niandike neno lako."

Mwoka mikate alijifuta unga kwenye aproni, akanyoosha mkono wa kulia.

"Andika," alisema. "Mbele ya Mungu, na mbele ya mdogo wangu, na mbele yenu nyote, naahidi: nikishatoa mikate iliyomo sasa, sitatia kuni tena katika tanuri hili."