Chombo cha Maua

Usingizi wa mchana unanikamata kwenye kochi, televisheni ikionyesha filamu fupi ya vichekesho na nyimbo, ya zama zile sinema ilipoanza tu kutoa sauti, na kabla sijanyoosha miguu nimo ndani yake, sina rangi, natembea kwenye barabara isiyokwisha iliyochorwa juu ya turubai. Nyumba zote ni vioo, na katika kila kioo yumo mtu anayerushiwa keki ya krimu usoni, anacheka, anarushiwa tena. Krimu imechacha. Barabara inajikunja inakuwa ukumbi, na katikati kipo chombo cha maua chenye maikrofoni ndani, waigizaji wote wamekiinamia, maana asemaye mbali nacho hasikiki hata apasuke koo. Maua yameoza, maji yamekuwa kamasi, nao wanaendelea kukitemea mate na vichekesho vyao vya kipuuzi. Kisura mmoja aliyejaa poda anachezesha midomo, lakini sauti, tamu ajabu, inatoka nyuma ya pazia. Navuta pazia. Mama wa makamo amekaa juu ya kreti, mguu umefungwa kamba. Kaka yangu, mama huyo ananiambia kati ya ubeti na ubeti, naitwa Mwanakheri binti Kombo, zikiisha dakika kumi filamu imekwisha na hakuna atakayejua kuwa nimeimba mimi. Nitajie jina langu mle chomboni. Mimi kamba hainifikishi. Msimamizi asiye na uso ananipokea, namuuliza, mmemfungia nini? Anayeonekana haimbi, anajibu, anayeimba haonekani, na wewe je? Namsonya, naenda, nainama. Uvundo unanipanda puani, uzi wa mate ya watu unaning'inia karibu na mdomo wangu, nami narudi nyuma. Natafuta leso. Ngoja kidogo, Bi Mwanakheri, nasema, ngoja nizibe pua kwanza. Wimbo unakatika. Taa inazimika, na kinyaa nilichokuwa nacho kwa chombo kile nakiona sasa kwa nafsi yangu.

Nafumbua macho. Kochi lilelile, na Rukia, mke wangu, amesimama mbele yangu. Nalitaja jina, lote, Mwanakheri binti Kombo, nalirudia kwa nguvu zangu zote mpaka mishipa ya shingo inauma. Rukia ananitazama mdomoni kwa mashaka. Wewe baba, anasema, mbona unachezesha midomo tu? Sema basi.