Mwaka wa Pili kwenye Kadi

"Kompyuta inasema hawa ni mtu mmoja, Mama," fundi alisema huku akimgeuzia skrini. "Jina moja, mwaka wa kuzaliwa mmoja. Saa kumi nikihamisha orodha kwenye mfumo mpya, itawaunganisha."

Mama Katalogi, ndivyo maktaba nzima ilivyomwita mtunza orodha wake, alivaa miwani akatazama. Vitabu kumi na kimoja chini ya jina moja. Vinane vya profesa wa magonjwa ya mifugo: minyoo ya mbuzi, homa za ng'ombe, chanjo za kuku. Vitatu riwaya za mapenzi. Riwaya zilikuwa za mumewe, na mumewe alikuwa na wiki ya sita kaburini.

"Si mtu mmoja," alisema.

"Mimi najua, wewe unajua. Mashine ndiyo haijui."

Miaka ishirini na miwili alikuwa akiwatenganisha kwa mkono. Kadi ya profesa aliiandika "mifugo", ya mumewe "riwaya", basi, yakaisha. Ila wasomaji nao hawaishi vituko. Mfugaji mmoja aliwahi kuazima riwaya ya pili akidhani ni ya mbuzi, akairudisha baada ya majuma mawili. "Dawa ya minyoo sikuiona, Mama, lakini yule dada kwa nini aolewe na lile jitu, jamani!" Jioni alipomsimulia mumewe, bwana alicheka mpaka chai ikampalia. "Mwenzangu anaponya mbuzi," alisema, "mimi nawatia watu maradhi."

Sasa alikikumbuka kicheko kile na hakuhisi kitu. Tangu mazishi hakuhisi kitu. Aliamka, alioga, alipanda ngazi za maktaba. Watu walimpa pole, akawaitikia nimeshapoa. Moyo ulikuwa umekufa ganzi kama mguu uliokaliwa.

"Weka neno 'riwaya' pale."

"Haina nafasi ya kazi ya mtu. Ina jina na miaka tu." Fundi alishusha sauti. "Mwaka wa kuzaliwa, na ule mwingine. Profesa bado yupo. Ukimjazia mzee ule mwingine, watatengana."

Waandishi wote waliofariki, kadi zao alizijaza yeye. Mtu akitangazwa redioni asubuhi, kufika adhuhuri mwaka wake umeshaandikwa. Hakuwahi kuchelewa hata siku moja. Ya mumewe tu ndiyo aliyoiruka, wiki baada ya wiki, na mkuu wa maktaba akajifanya haoni.

"Na nikiiacha?"

"Riwaya zitakuwa za profesa. Atakayemtafuta mzee ataambiwa ni mtu wa mbuzi. Mama, kuzirudisha baadaye, mimi siwezi kukuahidi."

Fundi akajitia kwenda kunywa maji.

Saa tisa na nusu. Aliweka vidole juu ya vitufe, akaviondoa, akavirudisha. Daktari alishasema kwamba hayupo tena. Mashemeji walishasema, wakagawana hata viatu vyake. Hata wanawe walishasema, kila mmoja kwa sauti yake. Yeye ndiye aliyebaki, na humo kwenye kadi mumewe alikuwa bado mzima. Akiondoka leo bila kuandika, mumewe angeendelea kuwa mzima, lakini ndani ya mtu mwingine, akitibu kuku.

"Nisamehe, baba watoto," alinong'ona, akaandika tarakimu nne.

Skrini iliuliza kama ana hakika. Akabonyeza ndiyo.

Orodha ikagawanyika. Juu profesa na vitabu vyake vinane. Chini, peke yake, mumewe na vitatu. Alitoa lebo tatu mpya zenye ile miaka miwili, akaenda nazo rafuni kuzibandika migongoni mwa vitabu. Alibandika cha kwanza. Alibandika cha tatu. Cha pili hakukiona. Alikitafuta juu, chini, nyuma ya safu, akaenda mpaka kwa mbuzi na kuku, wapi. Alirudi kwenye kompyuta akauliza kwa jina la kitabu.

Kimeazimwa jana, ilijibu. Kitarudi Alhamisi.

Fundi alikuwa amerudi, gilasi mkononi. "Vimekamilika, Mama?"

"Kimoja kiko kwa mtu," alisema. "Kuna mtu anakisoma." Sauti ikamkatikia hapo. Akavuta kiti, akakaa. Lebo ya mwisho ilikuwa imemnata kidoleni, na hakuibandua.