Kuhamisha Mji

Mtaalamu wa kompyuta wa hospitali aliingia chumba cha kusafishia damu saa tatu asubuhi, kamba ya kitambulisho shingoni, boksi jipya kwapani, na usoni tabasamu la mtu anayesubiri kushukuriwa. Mwalimu, aliyekuwa kiti cha tatu na sindano mbili mkono wa kushoto, alimpiga jicho mara moja akammaliza. Darasani angemweka dawati la mbele, si kwa akili zake, bali kwa kiherehere.

"Bibi yangu, hujambo? Leo nimekuletea raha."

"Mimi si bibi yako. Wajukuu wangu husoma kwanza ndipo wakabonyeza."

Sista wa zamu aligeukia dirishani ili kucheka vizuri nyuma ya barakoa. Alikuwa amemzoea Mwalimu, kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana.

Miaka ishirini na mbili mwanamke huyu aliongoza shule ya msingi, na hakuna mkaguzi aliyewahi kutoka ofisini kwake na kichwa juu. Kisha figo zikamgomea. Sasa mara tatu kwa wiki alikaa masaa manne kwenye kiti cha plastiki cha rangi ya maziwa yaliyoharibika, damu yake ikitoka, ikizunguka kwenye mashine, ikirudi. Alidharau karibu kila kitu mle ndani. Alidharau runinga iliyokwama kwenye kipindi cha mapishi bila sauti, mbele ya watu wanane waliokatazwa kula nusu ya vyakula walivyoonyeshwa. Alidharau bango la ukutani lililomwambia kwamba yeye ni shujaa. Zaidi ya yote aliwadharau wageni waliomsemesha polepole na kwa sauti kubwa, kana kwamba zilizoharibika ni masikio.

Kitu kimoja tu hakukidharau, nacho kilikuwa gemu. Aibu iliyoje! Angeulizwa mtaani angekana.

Kimashine chenyewe kilikuwa cha mkononi, chenye skrini katikati na vitufe pembeni. Msamaria mmoja alikitoa kwa ajili ya watoto wagonjwa, bila kuuliza kama kitengo kina watoto. Hakikuwa na hata mmoja. Kikalala droo ya sista mpaka siku Dereva wa kiti cha nne alipokifukua. Dereva alikuwa mwanamume mpana, mwendesha malori mstaafu, mwenye kicheko cha kuamsha wodi ya jirani. Mwalimu hakumpenda tangu siku ya kwanza. Lakini ndiye aliyeingia kwenye mipangilio ya kile kimashine akahamisha kazi zote za vitufe upande wa kulia, ili mtu mwenye sindano kushoto aweze kucheza kwa mkono mmoja. Kisha akaunyoosha mkono wake mzima kumpitishia Mwalimu.

"Jaribu, Mwalimu. Ni mchezo wa kujenga mji. Na mimi najua unapenda kutawala."

Miaka miwili waliujenga mji huo kwa zamu, nusu saa huyu, nusu saa yule. Dereva alijenga kama mtu ambaye hajawahi kushuka garini: barabara pana kila mahali, njia ya miguu hakuna, na mbele ya shule mzunguko mkubwa wa magari usio na maana yoyote. Mwalimu alimkosoa, akachimba mitaro aliyoisahau, akajenga shule mbili, maktaba, na kisima. Walikuwa na wakazi mia tatu na kumi. Aliyafikia masaa yake manne ya kiti akiwa na haraka, na hilo hakuwa amelitegemea tena maishani.

Ndipo mdogo wake Dereva, dada yake wa mwisho, akajitolea figo. Dereva aliaga kama mbunge. Alikumbatia kila mtu, alipiga picha na kila mashine, alitoa hotuba, na chumba kizima kikampigia makofi mpaka mlangoni. "Kila Jumatano nitapita kuwasalimu!" alisema. Miezi minane ilikuwa imepita. Hata kivuli chake hakikuonekana, hata ujumbe mmoja wa simu. Kwenye kiti cha nne sasa alikaa mhasibu fulani aliyelala mdomo wazi tangu kuchomwa sindano hadi kuchomolewa.

Mwalimu hakumpigia. Alikuwa ameapa. Mtu akishapona anasahau waliokaa naye mavumbini, basi na asahau. Iliuma, na kwa kuwa iliuma, alimdharau kuliko wote.

"Sasa," alisema mtaalamu, akivuta kiti, "hiki cha zamani betri imevimba. Unaona skrini ilivyoinuka? Ni hatari. Leo hii nakiondoa kikaharibiwe. Lakini usijali, nahamisha kila kitu kuja kwenye hiki kipya. Dakika tano."

Alivichomeka vyote viwili kwenye umeme, akaviweka sambamba juu ya meza ndogo ya Mwalimu, akamwomba paswedi yake. Mwalimu aliiandika mwenyewe, kwa kidole kimoja, baada ya kumwamuru aangalie pembeni. Mstari wa kijani ukajaa. Likatokea neno moja: imekamilika.

"Umeona? Kwisha kazi." Kidole cha mtaalamu kilikuwa tayari kimefika pale palipoandikwa *futa kila kitu* kwenye kile cha zamani.

"Toa mkono."

"Lakini imesema imeka—"

"Nimesema toa mkono. Unasoma neno la mwisho tu, kama mtoto anayenakili majibu. Nipe nione."

Akakichukua kile kipya, akafungua mchezo. Palikuwa na nyasi. Nyasi tupu, kijani kibichi, na kikatuni chenye kofia kikimkaribisha na kumwomba aupe mji wake mpya jina.

Mwalimu aliufunga mchezo, akaufungua tena, akakuta nyasi zilezile.

"Mji wangu uko wapi?"

"Umehama, mam... Mwalimu."

"Hiki ni kiwanja cha ng'ombe. Mji wangu uko wapi?"

Mtaalamu alivuta kishikwambi chake akaanza kusoma, hatimaye. Alisoma huku midomo ikitembea na jasho likimtoka puani. Akaenda juu, akarudi chini. Mwalimu alimsubiri kwa subira mbaya, ile waliyokuwa wakiiogopa watoro.

"Kumbe ni hivi," alisema mwishowe, kwa sauti iliyopungua. "Wewe nimekuhamisha. Jina lako, picha yako, kila kitu chako. Ila mji si wako. Umeandikwa kwa mtumiaji wa kwanza aliyeufungua. Wewe umesajiliwa kama... kama mkazi."

"Mkazi!"

Sista alikohoa. Wagonjwa wawili wakafumbua macho.

Mkazi! Yeye, aliyechimba mitaro! Mwenye mji alikuwa yule mtu wa usukani, aliyeondoka bila kugeuka nyuma.

"Tukimhamisha na yeye, mji unakuja," aliendelea mtaalamu. "Lakini yeye hana paswedi hapa. Itabidi itumwe namba ya siri kwenye simu yake, atusomee. Ina dakika tano tu. Namba yake ya simu unayo?"

"Ninayo."

"Basi tumpigie."

"Futa."

"Nini?"

"Huko nyuma ulikuwa na haraka ya kufuta. Sasa futa."

Mtaalamu, mtu wa kutii pale tu anapopaswa kubisha, alikiinamia kile cha zamani. Kwenye skrini iliyoinuka mji ulikuwa bado wazi, kwa jina la Dereva. Kikatuni chake kilisimama pembeni mwa barabara na kofia ya njano, hakina hili wala lile. Nyuma yake taa za maktaba zilikuwa zikiwaka moja moja, kwa kuwa kule ndani jioni ilikuwa ikiingia.

"Mwalimu," alisema sista kwa upole, "miaka miwili ile?"

Mwalimu aliitazama maktaba. Alijua vizuri ni kitu gani kingebaki baada ya hapo: runinga, bango, na masaa manne, Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, mpaka mwisho. Alijichukia kwa kulijua hilo.

"Lete simu yangu," alisema. "Na usinitazame hivyo, sista, siendi kumbembeleza mtu."

Kwa kuwa mkono mmoja ulikuwa kwenye sindano na mwingine umeshika kimashine kipya, mtaalamu aliagiza namba ya siri itumwe, kisha akapiga yeye, akaiweka simu kwenye spika juu ya meza. Ikaita mara nne.

"Mwalimu!" Ilikuwa sauti ya Dereva, yenye furaha nyingi mno. "Ee, siamini! Za masiku?"

"Sina muda wa za masiku. Kuna tarakimu sita zitaingia kwenye simu yako sasa hivi. Zisome."

"Tarakimu za nini tena?"

"Za mji. Kimashine kinakufa, tunauhamisha. Inaonekana wewe ndiye mwenye mji, Mungu atusaidie. Soma."

Nyuma ya Dereva palisikika kiti kikiburutwa na mtu akipiga chafya.

"Achana nao huo mji, Mwalimu," alisema. "Waache wafute. Mambo ya zamani hayo. Mimi hata barabara zake nimeshazisahau."

Basi. Mwalimu alikuwa na sentensi moja aliyoitunza miezi minane kwa ajili ya mtu huyu. Alikuwa ameinoa kila Jumatano. Alivuta pumzi aitoe.

Kengele ikalia. Milio mitatu mifupi ya juu, kisha mmoja mrefu.

Sista aliinuka hapohapo akazipitia mashine kwa macho, moja hadi ya nane. Zote zilikuwa na taa ya kijani. Akazipitia tena. Mtaalamu aliitazama mashine ya Mwalimu, kisha akamtazama Mwalimu.

Mlio ulikuwa unatoka kwenye simu.

Aliyekalia viti vile mwaka mmoja anaijua sauti hiyo hata usingizini. Ni mashine inayolalamika kwamba mgonjwa amekunja mkono wenye sindano na damu haipiti. Watu hukunja mkono bila kujua wakijikuna, au wakishika simu kwa mkono usiopaswa.

"Nyoosha mkono," alisema Mwalimu.

Milio mitatu mifupi, mmoja mrefu.

"Nyoosha mkono, mpumbavu wewe, kabla damu haijaganda!"

Kengele ikanyamaza.

Ile sentensi iliyonolewa miezi minane ilimtoka Mwalimu kichwani, na hata baadaye hakuwahi kuikumbuka sawasawa.

"Tangu lini?" aliuliza.

"Huu ni mwezi wa tano." Furaha yote ilikuwa imemwishia sautini. "Figo ilidumu miezi mitatu tu, Mwalimu. Ikakataa. Niko kituo kingine, upande wa pili kabisa. Niliomba mwenyewe wanipeleke mbali."

"Kwa nini?"

"Si mlinipigia makofi? Mpaka mlangoni. Ningerudi na uso gani?"

"Na huohuo. Hakuna hapa aliyetegemea uso mwingine."

Alicheka, au alijaribu. "Mdogo wangu ana kovu hapa ubavuni mpaka leo. Nikimwona nainamisha kichwa. Nikawaza, na nyinyi tena? Nikasema heri mnione mtovu wa adabu. Hilo angalau mmelizoea."

"Ni kweli tumelizoea," alisema Mwalimu, na sauti yake haikutoka kali kama alivyotaka.

"Zimebaki dakika mbili," alinong'ona mtaalamu.

"Dereva. Soma tarakimu."

Akazisoma, moja moja, na Mwalimu akazirudia moja moja kwa sauti ya imla, mtaalamu akaziandika bila kukosea hata moja. Mstari wa kijani ukaanza tena. Safari hii mtaalamu aliufuata kwa macho tangu mwanzo hadi mwisho, na lilipotokea lile neno hakuligusa. Alifungua mchezo kwanza. Barabara pana zikatokea, na shule, na mzunguko, na wakazi mia tatu na kumi wakienda zao. Ndipo akageuka kumtazama Mwalimu, na Mwalimu akamwitikia kwa kichwa, kidogo sana. Kwa mtu kama yeye hicho kilikuwa cheti.

"Umefika?" aliuliza Dereva.

"Umefika wote. Hakuna aliyepotea njiani. Huko unakaa karibu na nani?"

"Karibu na ukuta."

"Sista," alisema Mwalimu, "mtu anahamishwaje kutoka kituo kingine?"

"Barua ya daktari na fomu moja. Kuanzia Jumatano kiti kimoja kitakuwa wazi."

"Umesikia, Dereva? Barua na fomu. Hata wewe utaweza."

"Mwalimu..." Sauti ilishuka mpaka ikawa ya kunong'ona. "Nitafikiria. Lakini nakuomba, wenzetu wa hapo usiwaambie. Niachie niwaambie mwenyewe, taratibu, nikipata nguvu."

Mwalimu aliinua macho. Simu ilikuwa kwenye spika muda wote huo. Viti vyote vilikuwa vimegeuza vichwa: mama muuza vitambaa wa kiti cha kwanza, fundi bomba wa kiti cha pili, wote, mpaka wa nane aliyekaa dirishani. Hata mhasibu alikuwa macho, mdomo umefungwa. Hakuna aliyekuwa akicheka. Fundi bomba alikuwa ameziba macho kwa mkono wake mmoja.

"Wameshasikia," alisema Mwalimu. "Wanauliza Jumatano utafika saa ngapi."

Kisha akabonyeza kukata, kwa sababu alikuwa ameanza kulia, na hilo halikuwa la kumwonyesha Dereva.