Mahali na Mahari

Mwalimu Felisita alikuwa na herufi moja iliyomgomea tangu alipojifunza kusema: ile ya mwanzo wa "redio". Akiwa ametulia aliipata vizuri, tena akairingia. Akiogopa ilimtoroka kama kuku aliyeona kisu, akasema "ledio" mbele ya watu. Hakuna aliyeshangaa, maana watu wote, kuanzia pale kijijini mpaka Bariadi mjini, walisikiliza ledio.

Aliyeshangaa ni mmoja, Mwalimu Mkuu Uledi, mtu wa Pangani. Yeye alizaliwa katikati ya mashairi, na alihakikisha kila mtu anajua.

Mwaka huo wa sabini na nane shule ililetewa vitabu kumi na viwili vya tamthilia ya zamani, yote mashairi, mizani nane kwa nane kila mstari. Ni habari ya mfalme mwenye binti na mgeni maskini anayekuja kuposa. Darasa la sita halikuwa na mwalimu mwingine, kwa hiyo vikaangukia kwa Felisita, mwalimu wa UPE, ule mpango wa elimu kwa wote, aliyeishia la saba.

"Ualimu Pasipo Elimu," alisema Uledi, akijichekesha mwenyewe. "Sikiliza, Mwalimu. Jumamosi ya mwisho wa mwezi anakuja mkaguzi kuitazama ikichezwa. Mkiniaibisha, vitabu vinakwenda shule ya mjini, na wewe unarudi la kwanza kuimba a, e, i, o, u. Ushairi una wenyewe. Hawa wako wanasema 'mahali' badala ya 'mahari'. Mfalme anadai ng'ombe, wao wanamwonyesha njia!"

Felisita alitaka kumjibu, lakini jibu lilikuwa na r tatu ndani yake. Akabeba vitabu, akaenda darasani.

Wiki ya kwanza aliwafundisha kwa ubao. Walisoma kama wanaita mahudhurio. Maganga, aliyechaguliwa kuwa mfalme kwa sababu ya sauti yake ya fahali, alisinzia akiwa bado amekalia kiti cha enzi. Mgeni maskini naye hakupatikana. Hakuna mvulana aliyekubali kwenda kuposa bila ng'ombe, hata kwa mchezo.

"Nitachekwa mpaka Mwandoya, Mwalimu," alisema mmoja.

"Basi nipe mimi," alisema Justina, msichana mwembamba wa dawati la mbele. "Nina kofia ya baba."

Wiki ya pili ilikuwa zamu yao ya kupalilia pamba ya shule. Felisita alisimama kwenye kivuli cha kofia yake, akawatazama. Watoto wale wale waliosinzia darasani walikuwa wamejipanga mistari miwili wakilima kwa wimbo, majembe yanapanda pamoja na kushuka pamoja, hakuna anayechelewa. Akahesabu mapigo ya majembe. Moja, mbili, mpaka nane, wakageuka. Nane tena, wakageuka.

"Simameni!" akapiga kelele. "Wekeni kando huo wimbo, tuimbe tamthilia! Mstari wa kushoto, nusu ya kwanza. Wa kulia, nusu ya pili. Jembe moja, mizani moja. Atakayepotea anaongeza tuta!"

Wakaanza. *Ma-ha-ri-ya-ko-i-wa-pi*, majembe nane. *We-we-m-ge-ni-wa-nji-a*, majembe nane. Siku ya kwanza Maganga aliongeza matuta manne. Siku ya tatu hakuongeza hata moja. Kufikia Ijumaa walikuwa wanagombana kwa mashairi, na aliyeazima kifutio bila ruhusa alitukanwa kwa mizani kumi na sita kamili. Pamba ya darasa la sita ikawa safi kuliko zote. Uledi akauliza, kwa sauti ya chini, kama ile tamthilia inaweza kwenda la saba kwa siku mbili tatu, kwani shamba lao lilikuwa limejaa magugu.

Jumamosi ikafika. Mkaguzi, Bwana Marcelo, aliketi uwanjani na sahani ya michembe, vile viazi vikavu vya kuchemsha, kitabu kimefunguliwa pajani, kidole kikifuata kila mstari. Wazazi walijaa. Uledi alivaa shati jeupe, tayari kwa aibu, ikitokea.

Mwanzo ulikwenda vizuri. Safu mbili za majembe ziligonga ardhi, Justina akaingia na kofia ya baba yake imemfunika nyusi, akasalimia, "Mwadila, mtemi!" Salamu hiyo ya Kisukuma haikuwemo kitabuni. Wazee wakaitikia wote.

Maganga akanyanyuka kwenye kiti. Akamwona mkaguzi akimtazama. Felisita akaiona hofu ile, akaijua. Ndiyo ile iliyomnyima yeye r.

"*Mahali* yako iwapi, wewe mgeni wa njia?"

Uledi akafumba macho. Kidole cha mkaguzi kikasimama. Nyuma mtu akacheka, Maganga akageuka rangi ya udongo. Felisita alishika ukingo wa khanga yake, akaanza kusikia darasa la kwanza likiimba a, e, i, o, u.

Justina akasukuma kofia juu ya paji la uso.

"Mahali pangu ni hapa, mahari jembe na nia!"

Safu zikajibu kwa majembe, nane, halafu nane, vumbi likapanda. Uwanja ulipiga vigelegele. Mkaguzi akafunua ukurasa mbele, akafunua nyuma.

"Ukurasa gani huo?"

"Haumo," alisema Felisita.

Bwana Marcelo akahesabu kwa vidole, midomo ikicheza. Nane. Nane. "Na kina kimekaa," akasema taratibu. "Njia, nia. Huyu mtoto ametunga amesimama hapo hapo! Na mahali na mahari kayatenga katika mstari mmoja. Mwalimu Mkuu, vitabu hivi na mwalimu huyu visiguswe. Na mstari huo uandikwe humu ndani."

Felisita akaletewa penseli. Uledi akainama begani kwake.

"Utaandika kwa r au kwa l?" akanong'ona.

"Zote mbili, Mwalimu Mkuu," alisema Felisita, kwa sauti ya kusikiwa na wazazi. "Nimefulahi sana."

Wala hakujisahihisha.