Toa Kumi

Mji ule una maghorofa ya kukutia maumivu ya shingo ukiyatazama, na bado watu wanalala kwenye mabenchi ya kituo cha basi. Wakubwa wakakaa, wakafikiri, wakaona ubaya uko kwenye mabenchi. Ndipo fundi wa kuchomelea akaitwa asubuhi ile aweke mkono wa chuma katikati ya kila benchi, mtu akae lakini asijinyooshe.

Benchi la tatu lilikuwa na mzee.

"Mzee, amka, kuna kazi hapa," msimamizi alisema.

Mzee akakunja blanketi lake. Alipoona fundi anahangaika na futi ya kupimia peke yake, akashika ncha ya pili bila kuombwa. Hakuanzia kwenye sifuri. Alianzia kwenye sentimita ya kumi, kwa kuwa ncha ya futi ikilegea hudanganya. Ukishasoma, unatoa kumi.

Fundi aliijua mikono ile kabla hajathubutu kutazama uso. Ilikuwa ya mjomba wake, kaka wa mama, aliyemfundisha kazi na kumwachia kitanda miaka mitatu, mwenyewe akilala sakafuni. Karakana ya mjomba ilipobomolewa, ukoo mzima ulisema amekwenda kwa binti yake. Fundi hakuuliza zaidi. Ana chumba cha wageni, na alijua fika swali lile lingeishia wapi.

"Mzee anaijua kazi," msimamizi alicheka. "Mnafahamiana?"

"Hapana," fundi akajibu upesi. Hata shikamoo haikumtoka.

Mzee hakuinua macho. Aibu ilimpanda fundi mpaka masikio yakawaka moto. Alitamani ardhi ipasuke immeze. Akachora alama kwa chaki, akashusha kinyago cha kuchomelea haraka kuliko kawaida. Angalau humo ndani hakuna wa kumwona.

Kabla hajawasha, aliguswa bega. Mzee aliinama karibu, akasema polepole ili msimamizi asisikie.

"Mjomba, hujatoa kumi."

Fundi akafuta alama, akachora nyingine pale hasa katikati. Mzee akageuza uso kukwepa mwanga, akakishikilia kile chuma kisimame wima juu ya kitanda chake, mpaka kikashika.