Mteremko wa Mwalugesha

Asubuhi ile Kija aliweka jiwe la kusagia sakafuni ili afagie unga uliomwagika. Jiwe likabingirika lenyewe hadi ukuta wa mashariki, likagonga udongo, likatulia. Kija akalirudisha. Likaenda tena. Akaliwekea kipande cha kuni mbele yake, akamaliza kufagia, kisha akamwambia mumewe Jilala, aliyekuwa mlangoni akikaza mpini wa jembe, kwamba nyumba waliyopewa imejengwa upande.

Jilala alitoka nje akaitazama nyumba. Ilikuwa kama nyumba nyingine zote za kijiji cha Tuinuane, miti na udongo na nyasi, zimepangwa mistari kando ya barabara ya Bunda kwenda Musoma. Ardhi ya pale, kama inainama, inainama magharibi kuelekea ziwani. Mashariki ni kupanda tu mpaka vilima vya upande wa Nyamuswa, na huko ndiko Mwalugesha, walikotolewa. Akarudi ndani akasema nyumba haina kosa.

Kosa lilikuwa la jiwe, na jiwe nalo lilikuwa na sababu zake. Lori lilipofika Mwalugesha, kiangazi cha mwaka sabini na nne, mgambo walisema kila mtu apakie anachoweza kunyanyua. Mawe ya kusagia huwa mawili. Kuna jiwe mama, lile kubwa linalokaa mahali pamoja miaka yote mpaka linafanya bonde katikati, na kuna jiwe mwana, linaloshikwa kwa mikono miwili. Wanawake wa Mwalugesha, bila kuambizana, walichukua mwana wakaacha mama. Walidhani jiwe kubwa wataliokota popote. Kweli, mawe makubwa Tuinuane yapo, na unga unasagika. Lakini mwana alikuwa amekwisha kujua mama yake ni yupi.

Siku ile ile ya lori, milango na mabati ya wale waliokuwa nayo yalibanduliwa, ikasemwa kwamba yanatangulia stoo ya kijiji. Halafu nyumba zikatiwa moto ili mtu asipate pa kurudi. Jilala alikuwa na mlango wa mninga, kazi ya fundi Twalib wa Bunda mjini, ambao chini kabisa ulikuwa na alama za meno ya ndama aliyewahi kuutafuna wakati wa njaa. Alipouulizia stoo, aliambiwa asubiri. Akasubiri.

Baada ya jiwe vikafuata vitu vingine vyote vilivyotoka Mwalugesha. Uji ulijilaza upande mmoja wa chungu ukafurika, na upande wa pili chungu kikaungua kikavu. Watoto walipolia, machozi yaliwapitia shavu moja. Watu walilala kwa mpangilio na kuamka wamerundikana kwenye ukuta wa mashariki kama viazi kwenye kona ya gunia. Basi wakageuza vitanda, wakaweka magogo miguuni, wakafunga vyungu kwa kamba, maisha yakaendelea. Wanakijiji waliotoka kwingine, wale wa Mugango kwa mfano, walitembea wima kama kawaida yao. Waliwacheka wenzao wa Mwalugesha, wakisema wanaendaga kama mtu aliyebeba ndoo mkono mmoja.

Mbuke, mama yake Jilala, hakuona cha kuchekesha. Alikuwa mzee sana na miguu ilikuwa imemwacha. Kutwa alikaa ameegemea ukuta wa mashariki, na kila alipohamishwa alirudi pale pale bila kujisukuma. Jilala alipomuuliza kama haumii, alijibu swali kwa swali.

"Kwani chini ni wapi, mwanangu? Chini ni pale kitu kinapopumzika."

Kisha akamkumbusha ahadi. Mihayo, mumewe, alizikwa Mwalugesha nyuma ya zizi, na katika ukoo ule mwanamke hulazwa kushoto kwa mumewe, kama walivyolala kitandani. Jilala alikuwa ameahidi kabla mtu yeyote hajajua kwamba kuna lori litakuja. Sasa kurudi Mwalugesha kulitaka kibali, na mtu aliyekamatwa huko bila kibali alipelekwa mahabusu Bunda.

Shida ya kijiji ilikuwa shamba. Shamba la bega kwa bega, la pamba, kila kaya na mistari yake, lilikuwa magharibi, upande wa ziwa. Watu wa Mugango waliteremka kwenda kazini wakiimba. Watu wa Mwalugesha, njia ile ile, walipanda. Walifika wakati wenzao wameshamaliza mistari yao. Lakini jua la kurudi nyumbani lilipofika wao ndio walitangulia, wakikimbia bila kutaka, wakishikana mikono na wazee wao ili wasipitilize. Katibu wa tawi, ndugu Kasmiri, aliliona jambo hilo akaita mkutano.

Mkutanoni alikuja mpimaji kutoka Musoma, jina lake Leodgar, na pima maji yake kwenye mfuko wa kitambaa. Aliiweka juu ya meza ya ofisi. Kiputo kikakaa katikati. Akaiweka juu ya jiwe la Kija. Kiputo kikakimbilia magharibi, maana kiputo siku zote hukimbilia juu. Leodgar akaipangusa pima maji kwa leso, akarudia, akasema meza iko sawa na jiwe liko sawa, ila kila kimoja kina mteremko wake.

Kasmiri akamtaka awape wananchi maana ya mteremko, ili kusiwe na maneno maneno. Leodgar alisema mteremko ni ile tofauti ya juu na chini unapotoka mahali pamoja kwenda pengine. Mzee Kwangu wa Mwalugesha akainuka kwa fimbo yake, akauliza anayesema hapa ni juu na pale ni chini ni nani. Leodgar akajibu kwamba vyote hupimwa kuanzia usawa wa bahari. Mzee Kwangu akasema yeye bahari hajawahi kuiona, na bahari nayo haijawahi kumwona yeye, sasa imempimaje. Watu wakacheka. Kasmiri hakucheka.

Likapitishwa azimio kwamba mteremko wa Tuinuane unaelekea ziwani, na mtu ambaye vitu vyake vitaelekea kwingine atahesabiwa kuwa anarudisha maendeleo nyuma. Anayeunga mkono anyooshe mkono. Wote walinyoosha. Mikono ya watu wa Mugango ilikwenda juu. Ya watu wa Mwalugesha ilikwenda juu pia, lakini kwa juu yao, kwa hiyo yote ikalala kuelekea ziwani. Katibu alifurahi, akawasifu kwa kuelewa haraka kuliko wengine.

Mvua za vuli zilipoanza, Mbuke akaacha kula. Jilala akavaa shati lake la kanisani akaenda kwa katibu kuomba kibali.

Nyumba ya Kasmiri ilikuwa ya bati, ya pekee kijijini. Mabati yalikuwa yamewekewa mawe makubwa juu, na bado, hata upepo usipokuwepo, yalikwaruzana taratibu, yakijivuta upande wa mashariki. Mlango ulikuwa umefungwa kwa waya kwenye msumari. Kasmiri alipofungua waya, mlango ukamponyoka, ukaja kumpiga Jilala kifuani.

"Ushike huo, ndugu," alisema Kasmiri. "Unasumbuaga."

Jilala aliushika kwa kiganja. Ukatulia, kama ng'ombe akisikia mkono wa mwenyewe. Akainamisha macho, akaona meno ya ndama.

"Ni wa stoo," alisema Kasmiri. "Ofisi imeniazima."

Jilala hakuwa ameuliza. Aliingia, akakaa alipoonyeshwa, akaeleza haja yake. Mama anaondoka. Anaomba kibali cha kwenda kumlaza Mwalugesha, yeye na watu wachache wa kubeba, waende na kurudi siku hiyo hiyo, hata mgambo afuatane nao kama ofisi ina wasiwasi.

"Mwalugesha hakuna kitu," alisema Kasmiri. "Ni pori. Fisi na majivu. Tukimruhusu marehemu mmoja arudi, kesho walio hai watamfuata. Makaburi ya kijiji yapo, yamepimwa, yamenyooka. Mama yako atapata nafasi nzuri, karibu na barabara."

Alikuwa akisema hayo huku akimimina maziwa kutoka kwenye kibuyu, maana mgeni ni mgeni. Akaweka kikombe mezani mbele ya Jilala. Ilikuwa ile ile meza ya ofisi iliyopimwa mkutanoni ikakutwa iko sawa, nayo sasa imehamia kwake. Maziwa yakapanda ukingo mmoja wa kikombe, upande wa mashariki, yakakaa hapo bila kumwagika, na upande wa pili bati la ndani likaonekana likiwa tupu.

Jilala aliyatazama. Ng'ombe hutoa maziwa ya nyasi anazokula.

"Pori linatoa maziwa mazuri," alisema.

Nje waya uligongagonga msumari.

"Kunywa, ndugu Jilala. Na ukishakunywa, mdomo uupanguse vizuri, usibaki na kitu. Mahabusu haina mteremko. Mtu akiwekwa pale, anakaa pale pale."

Jilala akafikiria watoto, akafikiria Kija, akanywa. Yalikuwa na harufu ya nyasi za nyuma ya zizi la baba yake. Akashukuru, akatoka, akaurudishia mlango mwenyewe. Kasmiri akaufunga waya.

Nyumbani mama yake alimnusa kabla hajasema lolote.

"Kibali?"

"Hakuna, mayu."

"Umekunywa maziwa. Ya wapi?"

"Ya kwetu."

Mbuke akafumba macho. Uso wake ukalegea kama wa mtu aliyeambiwa kwamba mgeni wake amekaribia.

"Basi kwetu kupo," alisema.

Alikufa kesho yake adhuhuri, mgongo ukutani.

Kaburi lilichimbwa kwenye mstari, karibu na barabara kama alivyoahidiwa. Kasmiri alikuja na mgambo wawili, akasimama upande wa kichwani na kofia mkononi. Walifunga maiti kwa kamba mbili za katani, moja ya kichwani na moja ya miguuni, wakaanza kuishusha. Haikushuka. Ilikwenda ikajilaza kwenye ukuta wa mashariki wa shimo, juu juu, ikakaa pale kama mtu aliyelala sakafuni. Wakaivuta, wakaishusha tena. Ikarudi ukutani. Mchungaji aliendelea kusoma, akarudia mstari aliokwisha kuusoma, ili wapate nafasi.

Fundi Twalib alikuwepo. Alikuwa kijijini siku zile akiweka madirisha ya shule, na Mbuke aliwahi kumpa ugali miaka ile ya mlango. Alisogea kwa Jilala akasema kwa sauti ya chini kwamba kwao Waislamu, ndani ya kaburi huchimbwa mwanandani, kijumba cha ubavuni, na maiti hulazwa humo. Hapa naona panafaa mwanandani, alisema, ila muuchimbe mashariki.

Wakachimba. Udongo wa upande ule ulikuwa laini. Walipoelekeza maiti kwenye ule mwanandani, iliingia vizuri, miguu mbele. Kisha haikusimama. Udongo ulifunguka mbele yake na kufunga nyuma yake kama unavyofanya kwa fuko, na kamba zikaanza kukimbia mikononi mwa watu. Wa kamba ya miguuni waliachia mapema. Jilala alikuwa ameshika ya kichwani. Alijizungushia kiganjani, akakita visigino, na kwa muda kamba ikakaza, ikatetemeka, ikamchubua. Watu wote walikuwa wanamtazama yeye. Hakuna aliyetazama shimo.

"Hiyo kamba ni ya kijiji," alisema Kasmiri.

Ahadi ilikuwa ni ya kumlaza kushoto kwa baba, na kwa kamba ile angeweza kumzuia lakini hangeweza kumwelekeza. Alikuwa hajui kama huko chini kushoto kunajulikana. Kamba ikamvuta magoti yakagusa ukingo wa shimo. Kija akamshika shati kwa nyuma.

"Mwache," alimwambia. "Njia anaijua kuliko wewe."

Jilala akaachia. Ncha ya kamba ikaingia udongoni kama mkia wa panya. Wakafukia shimo tupu, wakaweka msalaba, kwa sababu mstari ulikuwa unataka msalaba pale.

Masika yake fundi Twalib aliitwa kufunga madirisha upande wa Butiama, akaenda kwa baiskeli akikata njia kupitia Nyamuswa. Aliporudi alipita kwa Jilala, akapewa kiti na maji, wakaongea kwanza habari za pamba. Halafu akasema alipita Mwalugesha. Kuna ng'ombe wengi, wamenona. Mchungaji wa ng'ombe ni mpwa wake katibu, kijana mpole. Mawe mama bado yako pale pale, yamejaa maji ya mvua, ng'ombe wanayanywea. Nyuma ya zizi kuna makaburi mawili, la zamani na jipya.

Jilala akauliza jipya liko upande gani wa la zamani.

"Kushoto," alisema Twalib.

Jilala akashusha pumzi. Akauliza kama limekaa vizuri.

Twalib alizungusha kikombe mkononi. Alisema limekaa vizuri, isipokuwa kuna kipande cha kamba kimejitokeza juu ya udongo, upande wa kichwani, kigumu, hata ukivuta hakitoki. Yule mpwa wa katibu amekiona kinamfaa. Anafungia ndama hapo wakati wa kukamua.

Kija alikuwa anasaga. Aliinua jiwe mwana, akalipangusa, akaliweka chini na kipande cha kuni mbele yake. Siku hizi, ilisemwa, katibu naye hulala amejifunga mshipi kitandani kwa sababu ya maziwa, lakini kuyaacha hajayaacha. Jilala akamsindikiza Twalib mpaka barabarani, akamshikia baiskeli. Kisha akachukua jembe, maana ilikuwa zamu yao, akaanza kupanda kwenda ziwani.